Lou Sullivan, mwanamume aliyekataa kuidanganya kliniki

Machi 1980 Lou Sullivan, Mmarekani aliyezaliwa na mwili wa kike lakini akajijua kuwa mwanamume, aliiandikia barua kliniki ya Chuo Kikuu cha Stanford, California, iliyowatibu watu waliotaka kubadili jinsia. Kliniki ilikuwa imemkatalia upasuaji. Alikuwa na umri wa miaka 28, ameshaanza testosteroni, homoni ya kiume, mwaka uliotangulia, na anaishi kama mwanamume. Kilichomponza ni kwamba hakuficha kuwa anapenda wanaume. Katika barua hiyo aliwaeleza kwamba wazo la kudanganya lilimjia, maana alijua ukweli ungemfungia mlango, lakini akaona heri aseme kweli ili wengine kama yeye wapate pa kupita. Na akawaambia wazi kwamba wengine hao wapo.

Wengi wanamkumbuka Sullivan kama mwanaharakati, na ni haki yake. Mimi namsoma kwanza kama mwandishi. Aliacha shajara za miaka thelathini, makala, kijitabu cha mwongozo, wasifu wa mtu wa kale, kijarida na barua nyingi, na karibu kila ukurasa unarudi kwenye swali lilelile ambalo kliniki ilidhani imeshalijibu: je, uanaume wa mtu hupimwa kwa yule anayempenda?

Ili kuelewa uzito wa barua ile, lazima ujue kliniki hizo zilivyofanya kazi. Zilianza Marekani katika nusu ya pili ya miaka ya 1960. Ya Johns Hopkins ilifunguliwa mwaka 1966. Mgonjwa alihojiwa na madaktari wa akili, akatakiwa aishi hadharani katika jinsia yake kwa muda mrefu, mara nyingi mwaka au zaidi, ndipo afikiriwe kwa upasuaji. Katika mahojiano kulikuwa na hadithi iliyotarajiwa. Uwe umejijua tangu utotoni, uwe unauchukia mwili wako, na baada ya matibabu uwe mtu "wa kawaida", yaani mwanamume anayependa wanawake au mwanamke anayependa wanaume. Aliyezaliwa na mwili wa kike akasema anapenda wanaume alionekana mwanamke tu aliyechanganyikiwa.

Kasoro ya mfumo huo ni rahisi kuiona ukishaonyeshwa. Mwaka 1966 daktari Harry Benjamin alichapisha kitabu kilichoeleza kwa marefu hali ya watu wanaotaka kubadili jinsia, nao wagonjwa wakakisoma na kupokezana. Wakaenda kliniki wanajua majibu yanayotakiwa, wakayatoa. Madaktari wakasikia hadithi ileile kila siku, wakaamini kwamba hakuna nyingine. Kila aliyedanganya ili apate matibabu aliongeza ushahidi wa kumkataa msema kweli atakayefuata. Sullivan alikuwa msema kweli huyo, na alijua gharama yake.

Alizaliwa Juni 16, 1951, akakulia Wauwatosa, kitongoji cha Milwaukee katika jimbo la Wisconsin, kwenye familia ya Kikatoliki yenye watoto sita. Shajara aliianza akiwa na miaka 10, akaendelea nayo mpaka mwisho wa maisha. Tangu ujana anaandika jinsi anavyowatazama wavulana, na swali linalomsumbua ni kama anawataka au anataka kuwa wao. Kwa miaka mingi alidhani lazima achague moja. Alichogundua polepole, daftari hadi daftari, ni kwamba yote mawili ni kweli kwa wakati mmoja.

Kuchapisha alianzia nyumbani Milwaukee, katika GPU News, gazeti la chama cha mashoga na wasagaji wa mji huo. Mwaka 1973 alitoa humo makala ya kuwajibu wapigania haki za wanawake waliowashutumu watu wanaovaa mavazi ya jinsia nyingine. Bado hakuwa anajiita mwanamume. Alikuwa mtu aliyevaa kiume, ana mpenzi wa kiume, na anatafuta jina la hali yake katika lugha ambayo haikuwa nalo. Mwaka 1975 akahamia San Francisco. Familia ilimuaga kwa zawadi mbili: suti nzuri ya kiume, na saa ya mfukoni iliyokuwa ya babu yake. Hapo mtu asipite haraka. Hiyo ilikuwa familia ya dini, mwaka 1975, na saa ya babu huachiwa mjukuu wa kiume.

San Francisco haikuwa pepo. Alipata kazi ya ukatibu, akaajiriwa kama mwanamke huku mara nyingi akivaa kiume. Juhudi zake za kupata matibabu zikagonga mwamba kwa sababu ileile ya mapenzi yake. Mwaka 1979 ndipo alipopata madaktari wa nje ya kliniki kubwa waliokubali kumtibu alivyo, akaanza homoni. Mwaka 1980 akafanyiwa upasuaji wa kifua. Kisha akaacha kazi ile na kwenda kuwa fundi wa uhandisi mahali pengine, ili wafanyakazi wenzake wapya wamjue kama mwanamume tangu siku ya kwanza.

Katika miaka hiyohiyo, 1979 na 1980, alihariri The Gateway, kijarida cha kikundi kimoja cha waliobadili jinsia ambacho wengi wa wanachama wake walikuwa wanawake. Akaanza kuingiza humo habari za wanaume waliobadili jinsia kama yeye, waliokuwa wachache na karibu hawaonekani. Pia alijitolea kuwashauri wanaume wengine kupitia Janus, kituo cha taarifa mjini humo. Huko ndiko alikoona maswali ni yaleyale na hakuna karatasi ya kumkabidhi muulizaji. Mwaka 1980 akaiandika mwenyewe.

Kijitabu hicho cha mwongozo kwa wanaume waliobadili jinsia, kilichochapishwa tena mwaka 1985 na 1990, ndicho kazi yake iliyofika mikononi mwa watu wengi zaidi akiwa hai. Kinaeleza mavazi, namna ya kukifunga kifua ili kionekane bapa, homoni, upasuaji, na watu wa kale walioishi hivyo. Anayedharau uandishi wa aina hii hajui ugumu wake. Chukua kufunga kifua peke yake. Kitu cha kwanza mtu hukimbilia ni bendeji ya kuvuta, ile ya kufungia kifundo kilichoteguka, nayo ndiyo mbaya kuliko zote: hujikaza kadiri unavyopumua, inaumiza mbavu na kuchubua ngozi. Fulana maalumu ya kubana ni salama zaidi, lakini nayo isizidi saa 8 hivi kwa siku, usilale nayo, usifanyie mazoezi mazito. Mtu asipoelezwa hayo kwa sentensi fupi, atayajifunza kwa maumivu.

Testosteroni nayo ina ratiba yake, na haraka ya mtu haiibadilishi. Hedhi kwa kawaida hukoma ndani ya miezi 1 hadi 6. Sauti huanza kushuka karibu na mwezi wa tatu, ikikwaruza na kukatika kama ya mvulana anayebalehe, na huchukua mwaka au zaidi kutulia. Ndevu huchelewa: huanza kuota miezi 6 hadi 12, na kujaa kwake kunaweza kuchukua miaka 4 au 5. Ukiacha dawa hedhi inaweza kurudi, ila sauti haipandi tena. Damu inaweza kuwa nzito kupita kiasi, ndiyo maana mwaka wa kwanza hupimwa kila baada ya miezi 3. Na testosteroni si kinga ya mimba, hata kama hedhi imekoma. Kwa mwanamume anayelala na wanaume hilo si jambo dogo, na ni rahisi kulisahau pale mshauri anapodhani kila mteja wake anapenda wanawake.

Hapo shajara zake zinafanya kazi ambayo kitabu cha daktari hakiwezi. Sullivan anaandika mwili unavyobadilika na wakati huohuo anaandika tamaa, furaha ya kutazamwa na mwanamume anayemwona kama mwanamume, hofu ya kuvua nguo, na kukataliwa kitandani. Haombi radhi. Uanaume anaouchunguza si wa ubabe. Aliupenda uzuri wa wanaume, upole wao, hata majivuno yao ya mavazi, na alitaka kuingia humo kama mmoja wao. Kwangu ndiyo sababu maandishi yake hayajachakaa: wengi walioandika kuhusu uanaume wakati ule walisimama nje wakiuhukumu, au ndani wakiutetea. Yeye aliutamani, akausoma kwa makini ya mtu mwenye tamaa.

Kazi yake kubwa ya utafiti ni wasifu wa Jack Bee Garland, uliotoka mwaka 1990. Garland alizaliwa San Francisco mwaka 1869, binti wa balozi mdogo wa Meksiko. Mwaka 1897 polisi wa Stockton walimsimamisha akiwa amevaa kiume. Alijifanya bubu, akajibu kila swali kwa kuandika kwenye karatasi. Akikaa kwenye boti ya kuishi, akageuka kivutio cha mji, na gazeti la huko likamwajiri kuwa mwandishi. Mwaka 1899 akapanda meli ya jeshi kwenda Ufilipino wakati wa vita, akaishi kati ya askari wa Marekani. Aliporudi aliishi San Francisco kama Jack Garland, akiwasaidia wanaume na wavulana wasio na makazi, mpaka alipoanguka na kufa mwaka 1936. Mwili ulipokaguliwa ndipo magazeti yalipoibua habari upya.

Watu kama Garland walikuwa wamezoeleka kuelezwa kwa njia mbili: ni wanawake waliojificha ili wapate mishahara na uhuru wa wanaume, au ni wanawake waliopenda wanawake. Sullivan alichambua magazeti ya zamani na kuonyesha kwamba hakuna kati ya hizo inayomtosha. Garland hakutafuta wanawake. Miaka yote alitafuta kuwa na wanaume: mtoni, jeshini, mitaani. Wasifu huo ni jibu la pili kwa Stanford, safari hii kwa ushahidi. Mtu waliyesema hawezi kuwepo alikuwa ameshazaliwa, akaishi, akafa San Francisco, mji uleule alioishi Sullivan.

Mwaka 1986 ndio ulioamua yaliyobaki. Alifanyiwa upasuaji wa mwisho aliokuwa akiusubiri, na kabla mwaka haujaisha akaambiwa ana Ukimwi. Dawa ya kwanza, AZT, haikuidhinishwa Marekani hadi Machi 1987, na madaktari walimpa miezi tu. Aliandika kwamba alipata raha ya namna fulani kuijulisha kliniki: walimwambia hawezi kuishi kama mwanamume shoga, na sasa inaelekea atakufa kama mmoja wao.

Akaishi zaidi ya miaka minne, na ukitazama alichofanya ndani yake unashangaa alilala saa ngapi. Mwishoni mwa 1986 alianzisha mikutano ya wanaume waliobadili jinsia mjini humo, na mwaka 1987 kijarida cha kikundi hicho, FTM, kifupi cha maneno ya Kiingereza yenye maana ya "kutoka mwanamke kwenda mwanamume". Kati ya 1988 na 1990 alikubali kurekodiwa kwa video na daktari wa akili Ira Pauly, akijibu kwa utulivu maswali ambayo leo yangetuudhi, kwa sababu alitaka madaktari wamwone usoni mtu waliyedai hayupo. Aliendelea kuwaandikia wataalamu mmoja mmoja mpaka hoja ikaeleweka. Leo miongozo ya kitaalamu haimnyimi mtu matibabu kwa sababu ya anayempenda, na mchango wake katika hilo haukwepeki. Alifariki Machi 2, 1991, akiwa na miaka 39. Kikundi na kijarida chake vilichukuliwa na mwanaharakati Jamison Green, vikakua kuwa jumuiya ya kimataifa.

Nyaraka zake zimo katika jumba la historia ya mashoga na wasagaji la San Francisco, ambalo yeye mwenyewe alikuwa miongoni mwa waanzilishi wake mwaka 1985. Alitamani shajara zichapishwe, na zilichelewa hadi 2019, zilipohaririwa na Ellis Martin na Zach Ozma kwa jina We Both Laughed in Pleasure. Anayetaka kumsoma aanze na hizo, na asiruke miaka ya Milwaukee hata kama inaonekana ya kitoto, kwa kuwa maswali yote yameshaulizwa humo. Wasifu wa Garland ufuate. Wasifu wa Sullivan mwenyewe, ulioandikwa na Brice Smith mwaka 2017, usomwe mwisho. Una tarehe na mpangilio mzuri, lakini anayeuanza kwanza hujua kilichotokea kabla hajaisikia sauti ya aliyetokewa.