Salamu kutoka Taiwan

Mwaka 2019, nilipokuwa nasoma Yogyakarta, Indonesia, baba mwenye nyumba alinipakia kwenye pikipiki hadi kijijini kwao, kwenye sherehe ya baada ya mavuno. Kulikuwa na wayang kulit, mchezo wa vivuli, na watu huukesha.

Dalang, yaani mchezeshaji, alikaa chini mbele ya pazia, vikaragosi vya ngozi ya nyati vimechomekwa kwenye shina la mgomba lililolazwa. Mtu mmoja huyo ndiye wafalme, majitu na wajakazi wote. Huku akigeuza sauti, mguu wake unagonga vipande vya chuma kuwaashiria wapigaji wa gamelan, kundi la ala za muziki wa Kijava. Hanyanyuki hapo mpaka karibu na alfajiri. Kibofu chake nacho kina kipaji.

Kisa kilitoka Mahabharata, utenzi wa kale wa Kihindi, kwa Kijava cha heshima ambacho Kiindonesia changu cha darasani hakikukifikia, basi macho yangu yakahamia kwa vijana wenye kamera na kompyuta pale pembeni. Walikuwa wanarusha mubashara YouTube.

Ilipofika Limbukan, sehemu ya maskhara ya mjakazi na bintiye, kisa kikasimama. Dalang akaanza kusoma salamu: fulani yuko Hong Kong, fulani Taiwan, kafanya kazi za ndani kutwa nzima, anaomba wimbo. Waimbaji wakaimba. Kwetu mwimbaji wa taarab hutunzwa noti mkononi. Hawa walikuwa wanatunzwa kupitia benki, kutoka ng'ambo.

Mzee wangu mwenye nyumba akaguna. Utotoni alisikiliza wayang kwenye redio ya taifa, RRI, bila kuona kivuli hata kimoja. Kisha zikaja kaseti, kisha televisheni. Hakuwa na ugomvi na mitambo. Kilichomuudhi ni nyimbo za kuombwa kula saa za kisa. Nilimwelewa, ingawa kusema kweli mimi ndiyo kwanza nilianza kufurahi.

Usiku wa manane akatoka Bagong, mtumishi mwenye tumbo na mdomo mpana, asiyejua adabu mbele ya wafalme. Uwanja ukalipuka. Mama aliyekaa jirani yetu alikuwa na binti Taiwan, na matangazo yalichelewa kidogo kumfikia. Sisi tukishamaliza kucheka, ndipo emoji za binti zinamiminika kwenye simu. Mama alipoligundua hilo akawa anamwandikia mapema: subiri, sasa hivi Bagong anamjibu mfalme.

"Bu," yaani mama, mzee akamwambia, "mwache mtoto asikie mwenyewe."