Siku moja maishani mwangu kama wakili: mteja anataka rufaa leo leo

Saa 11 alfajiri. Ujumbe wa mteja unaniamsha kabla ya alamu. "Mwanangu, leo wakitukatalia tunakata rufaa palepale." Namjibu shikamoo, nainuka, napiga pasi shati jeupe.

Saa 12:40. Mwendokasi wa Kimara kwenda Kivukoni, nimesimama na faili kifuani. Kesi yenyewe ni ya kiwanja (nimebadilisha mambo madogo madogo ili mzee, mteja wangu, asitambulike). Mahakama Kuu ilitoa zuio la muda: hakuna kujenga mpaka shauri liishe. Ukuta ukaendelea kupanda. Mzee anasema fundi alishalipwa, yeye hakuwepo. Upande wa pili wakapiga picha, wakaleta maombi aadhibiwe kwa kudharau amri. Sisi tukaweka pingamizi la awali, yaani hoja ya kutaka maombi yatupwe kabla ya kusikilizwa, kwamba hati yao ya kiapo (maelezo ya maandishi yaliyoapiwa) ina kasoro.

Saa 3:30. Uamuzi umesomwa kwa dakika chache tu. Pingamizi limetupwa. Mzee afike mwenyewe baada ya wiki mbili aeleze kwa nini asiadhibiwe.

Saa 4. Korido ya mahakama. Hapa ndipo kazi yangu ya leo ilipo.

"Kata rufaa."

"Baba, hii haikatiwi rufaa."

Ananitazama kama nimehongwa. Namweleza taratibu: tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2002, uamuzi mdogo wa Mahakama Kuu, ule wa katikati ya kesi, hauendi Mahakama ya Rufani, si kwa rufaa wala kwa mapitio, isipokuwa kama unamaliza shauri lenyewe. Kipimo kinatoka kwenye kesi ya Bozson ya Uingereza, ya mwaka 1903: itazame amri yenyewe, je, imemaliza haki za wadaawa, yaani pande mbili za kesi? Ya leo haijamaliza chochote. Imesema tu njoo ujieleze.

"Mwaka 1903," anasema, "na ukuta wangu vinahusianaje?"

Nacheka, yeye hacheki. Anachosikia ni kwamba ameshahukumiwa na mlango umefungwa. Namwambia mlango upo, ila uko mbele: jaji akimtia hatiani na kuagiza awekwe ndani kama mfungwa wa madai (si wa jinai), ambapo ukomo ni miezi 6, amri hiyo sheria inaruhusu ikatiwe rufaa. Notisi ya rufaa ndani ya siku 30. Na hoja yetu ya kiapo haifi, tutaibeba humo humo.

"Kwa hiyo nisubiri nifungwe kwanza?"

Swali gumu, na sina jibu tamu. Uzito wa kifungu hiki kinachozuia rufaa za katikati unamwangukia mtu kama yeye. Lakini nimeona faili ambazo kila uamuzi mdogo uliendewa juu, kesi ikazeeka kuliko wadaawa. Nakiona ni cha haki, hata leo kinaponibana.

Saa 7:15. Wali maharage kwa mama ntilie. Wakili mwenzangu ananishauri niweke notisi hivyo hivyo, "angalau uwatie breki". Nakataa. Notisi isiyo na miguu itatupwa na gharama juu, halafu jaji atamwona mzee ni yule yule asiyesikia amri. Mtu anayeshitakiwa kwa dharau hahitaji ujanja mwingine.

Saa 9 hadi 12 jioni. Kiapo kinzani, yaani majibu yetu ya kiapo kwa maombi yao. Naandika Kiswahili, nikikwama narudi kwenye hukumu za Kiingereza. Sheria ya lugha ya mahakama ilibadilika mwaka 2021, vitabu vyangu bado. Nampigia fundi: alianza lini, nani alimpa pesa, nani alimwambia kuhusu zuio? Anasema hakuna aliyemwambia. Hilo lina thamani kuliko rufaa, namwomba aje aape. Kisha nampigia mzee: kuanzia leo hata tofali moja lisiguswe, na apige picha za ukuta ulivyo.

Saa 3 usiku. Ujumbe. "Fundi kasimama. Lakini nina saruji mifuko 12, itaganda."

"Iuze, baba. Na risiti uniletee."