Nyumba ikikujibu

Bwana asifiwe wapendwa. Wiki hii siku tatu sijalala vizuri na wala sio kwa maombi, ni muvi ya kutisha niliyoangalia na wanangu (najua, najua). Mtu anaingiwa na kimelea, anageuka polepole, na nyumbani hakuna anayeshtuka maana sura ni ileile. Nikasema hayo ya kutunga, mwanangu akanicheka, akanionyesha kwenye simu kuvu ya kweli inaitwa Ophiocordyceps, inamwingia sisimizi, inamtoa kwa wenzake, inampandisha kwenye mmea mpaka anang'ata jani anafia hapohapo, halafu inachomoza kichwani. Kilichonimaliza, watafiti mwaka 2017 walikuta imezunguka misuli mwili mzima ila ndani ya ubongo haimo.

Jamani! Kichwa bado chake, miguu ina mwenyewe mwingine. Si ndio kilio cha Paulo kwenye Warumi 7, analolichukia ndilo analitenda? Mimi maandiko ya kusamehe nayajua kwa kichwa, nimeyafundisha, na bado mwaka wa pili huu ndugu yangu akipiga, mkono unaigeuza simu kifudifudi wenyewe.

Nikamkumbuka Sungura. Kafika kwake, anahisi Simba kajificha ndani, haingii, anaisalimia nyumba. Kimya. Anasema ajabu, kila siku huwa inanijibu! Simba akaitikia, Sungura huyoo mbio. Sisi sasa, kitu kinajibu toka moyoni kwa sauti yetu kabisa, tunaingia tunakaa nacho.

Na niseme hata mkinuna: mtu akianguka ibadani wote tunakimbilia kukemea, ila kinyongo kinachoimba kwaya hakuna anayekigusa. Tena usikifukuze ukaacha chumba wazi, Mathayo 12 pepo alirudi akakuta nyumba tupu, imefagiwa na kupambwa, akaleta wengine saba wabaya kumshinda yeye. Mwezi uliopita nilifunga, nikafagia kweli, sikuweka mtu ndani. Mpendwa, mwambie Yesu akae, asipite tu kusalimia, akae, ale na wewe, akuulize na hiyo simu mbona imelala kifudifudi.

Yangu imeita tena jana usiku. Nimepokea nikanyamaza, naye akanyamaza, tukakaa hivyo mpaka ikakatika. Leo jioni napiga mimi, mniombee.