Umetoka Kenya lini?

Wiki jana nimefika Marsabit, kaskazini mwa Kenya, kwa mara ya kwanza. Kule Isiolo, nikisubiri basi, mzee mmoja Mborana aliniuliza, "Umetoka Kenya lini, mwanangu?" Nikadhani sijamsikia vizuri.

Akanieleza taratibu, chai ikipoa. Enzi za Mwingereza hapa palikuwa Northern Frontier District, wilaya iliyofungwa. Ukitaka kuingia au kutoka, lazima uwe na kibali. Uhuru ulipokuja 1963, vita vya Shifta, vya Wasomali wa huku waliotaka kujiunga na Somalia, vikafuata, na hali ya hatari haikuondolewa huku hadi 1991. Hebu fikiria: miaka 28! Nami shuleni niliisoma kwa aya moja tu.

Njiani nilikaa dirishani. Archer's Post, mlima Ololokwe, Laisamis, ngamia kando ya lami, joto kali. Halafu ghafla Marsabit: mlima wenye msitu, ukungu na baridi, katikati ya jangwa! Sokoni nilisikia Kiborana, Kirendile na Kisomali kwa pamoja, nikauziwa maziwa ya ngamia yenye harufu ya moshi.

Mzee wangu wa Isiolo, swali lako bado ninalo.