Gombe, kisiwa kisicho na maji pande zote

Boti za kijiji cha Mwamgongo, zinazopita Hifadhi ya Gombe, zinaondoka Kibirizi, ufukwe wa Ziwa Tanganyika jirani na mji wa Kigoma, zikijaa. Na ukisikia boti imejaa, usidhani ni watu tu: kwanza yanaingia mabati, magodoro, kreti za soda, madumu matupu yanayorudi kujazwa mawese, halafu kuku, halafu sisi. Nahodha alinionyesha pa kukaa, juu ya magunia ya unga wa muhogo. "Hapo kaka, maji hayakufikii." Yalinifikia kabla hatujaipita Kalalangabo.

Sikulalamika, maana nilikuwa nimepata ubavu wa kulia, na ukienda kaskazini huko ndiko iliko nchi kavu. Nilitaka kuiona milima. Kwa muda mrefu ni picha ileile: muhogo umepanda mteremko hadi juu, michikichi imejikusanya mabondeni kwenye unyevu, na katikati yake makorongo mekundu ambayo mvua imeyachimba mwaka hadi mwaka. Boti inasimama, inashusha, inapakia, watu wanasalimiana kwa Kiha na kudaiana pesa za dagaa. Kigalye, kisha Mtanga. Ukishaiacha Mtanga, msitu unaanza. Unaanza ghafla, bila uzio wowote, na hata mgeni kabisa angeonyesha kwa kidole mpaka ulipo.

"Basi hapo ndipo kwa sokwe," alisema mama mmoja wa Mwamgongo aliyekaa mbele yangu na beseni lake. "Sisi tumekaa huku, wao wamekaa huku, na wao hawana boti."

Maneno ya mama huyo ndiyo hali halisi ya Gombe. Hifadhi ni ukanda mwembamba wa kilomita za mraba hamsini na kitu, kutoka ufukweni, kwenye mita 770 hivi juu ya usawa wa bahari, hadi kwenye ukingo wa bonde la ufa. Eneo lilitengwa mwaka 1943, likapandishwa kuwa Hifadhi ya Taifa mwaka 1968. Magharibi kuna ziwa, na sokwe haogelei. Pande zilizobaki kuna mashamba na vijiji. Jane Goodall, mtafiti wa sokwe kutoka Uingereza, aliposhuka ufukweni hapa Julai 1960, msitu na miombo vilikuwa bado vinaendelea nje ya mpaka. Miaka ya tisini mwanzoni aliruka na ndege ndogo juu ya eneo hili akakuta vilima vyote vya jirani viko wazi. Gombe ilikuwa imegeuka kisiwa huku watafiti wakiwa ndani yake, wanaandika.

Asubuhi tulipewa barakoa kabla ya kupanda. Watalii wengine huona ni usumbufu uliobaki tangu enzi za korona, lakini Gombe ina sababu za zamani zaidi. Mwaka 1966 polio iliwapooza sokwe kadhaa hapa, na hadi leo magonjwa ya kifua ni miongoni mwa yanayowaua zaidi. Mafua yangu mimi ni msiba kwao. Kwenye msitu mkubwa, ugonjwa ukipunguza kundi moja, makundi ya mbali yapo. Hapa makundi ni matatu, Mitumba, Kasekela na Kalande, na sokwe wote kwa pamoja ni mia moja hivi au pungufu.

Tuliwakuta juu kidogo ya bonde la Kakombe, na hawakuwa kwenye mti wa ajabu wowote. Walikuwa kwenye mchikichi. Zamani watu waliishi ndani ya mabonde haya, wakaondoka, michikichi yao ikabaki. Jike mmoja alikuwa amekaa kwenye shina la makuti, anachomoa chikichi moja moja, anaiweka kinywani, anaisokota kwa midomo mpaka nyama ya rangi ya machungwa inaisha, kisha anaitema kokwa. Mwanawe alinyoosha mkono kuomba, akapewa kamba zilizokwisha kunyonywa, akazipokea vilevile. Kokwa hawavunji. Kuna sokwe wa Afrika Magharibi wanaozivunja kwa mawe, hawa wetu hawana habari nazo. Nilisimama pale na kitambulisho changu cha Mkigoma moyoni, nikawaza kwamba tunakula mafuta ya mti mmoja.

Mwongozaji wetu, kijana wa hukuhuku, ndiye aliyenieleza tatizo lisiloonekana kwenye picha. Desturi ya sokwe ni kwamba jike akibalehe huhama, huenda kuzalia kundi jingine, dume hubaki kwao. Hiyo ndiyo kinga yao dhidi ya kuzaa na ndugu. "Sasa huyu ahamie wapi, kaka? Akitoka Mitumba anakuja Kasekela. Akitoka Kasekela..." Akaonyesha kwa kidevu upande wa juu, ambako baada ya ukingo ni mashamba. Majike wengi wa Kasekela huishia kubaki nyumbani.

Kisiwa hasa kinaweza kuwa na nafuu. Rubondo, Ziwa Victoria, ilipelekewa sokwe 17 kutoka bustani za wanyama za Ulaya kati ya 1966 na 1969, mahali ambapo sokwe hawakuwapo kabla, na wamezaana. Maji yanawalinda. Gombe inazungukwa na majirani wenye njaa ya kuni na ardhi, na jirani huwezi kumlaumu kwa kupika.

Ndiyo maana kazi ninayoiheshimu zaidi iko nje ya mpaka. Mradi wa Tacare wa taasisi ya Jane Goodall ulianza mwaka 1994, na kadiri miaka ilivyokwenda vijiji vimetenga misitu yao wenyewe katika mipango ya matumizi ya ardhi. Sehemu kubwa haikuhitaji hata kupandwa. Visiki vya miombo vilikuwa hai chini ya udongo. Shoka na moto vilipoachwa, vikachipua. Lengo ni ushoroba, njia ya yule jike asiye na pa kuhamia.

Nilirudi mjini, na siku ya kuaga nikaenda kupiga mbizi ufukwe wa Jakobsen, kusini mwa mji. Hapo ndipo nilipokutana na visiwa vya aina nyingine. Ziwa Tanganyika lina aina zipatazo 250 za sikildi, samaki wa jamii moja na perege, karibu zote hazipatikani kwingine duniani, na wale wa miambani hawapendi kuvuka mchanga wazi. Kwao rundo la mawe ni nchi, na ufukwe wa mchanga ni bahari. Ndiyo maana samaki wa aina moja hubadilika rangi kutoka mwamba hadi mwamba. Kwenye ufa wa jiwe niliona mtoto wa sikildi aitwaye Tropheus duboisi, mweusi tii, ametapakaa vidoa vyeupe kama anga la Kigoma umeme ukikatika. Akikua vidoa vitafutika, kichwa kitakuwa cha bluu na mkanda mweupe utampita kiunoni. Anakula mwani unaoota juu ya mawe, kwa kuukwangua.

Nikasogea kuelekea mahali kijito kinapomwaga. Mawe ni yaleyale, lakini yamevaa vumbi laini la kahawia. Ukipunga mkono linanyanyuka na huoni kitu. Hapo samaki walikuwa wachache. Ni ule udongo wa makorongo mekundu niliouona kutoka kwenye boti: mvua inaushusha, unafunika mwani, na mkwanguaji hana cha kukwangua. Muhogo unaolimwa bila matuta mlimani unamfikia sokwe kwa juu na sikildi kwa chini.

Anayetaka kwenda, aende kiangazi, kati ya Juni na Oktoba. Abebe barakoa yake na miwani ya kuogelea. Na kwenye boti asiamini habari za magunia; akae nyuma, karibu na mashine. Kelele ni nyingi, ila utafika mkavu.