Milimita Sita

"Mwanangu, mimi sijavuka mto ule kwenda kulima hata siku moja."

Mama yule aliyasema hayo akiwa amesimama mbele ya watu wote, khanga ya pili ameitupia mabegani kwa baridi, kidole chake kikiwa juu ya ramani niliyoibandika kwenye ubao wa darasa. Ilikuwa Juni 2011, kijiji kimoja cha wilaya ya Mufindi, Tanzania, mkutano wa kupitia rasimu ya ramani ya matumizi ya ardhi. Kinyungu chake, ambacho mimi mwenyewe nilikizunguka na GPS, kifaa kinachopima mahali kwa satelaiti, siku tatu kabla, kilionekana kusini mwa mto, ndani ya kijiji jirani.

Kwa msomaji asiyetoka kwetu, kinyungu ni bustani ya bondeni, kwenye udongo wenye unyevu. Kiangazi, mashamba ya juu yakiwa yamekauka, mahindi mabichi, maharage na mboga zinatoka huko. Ada ya shule na chumvi ya nyumbani zinatoka huko. Kumwambia mtu kwamba kinyungu chake kiko kijiji kingine si jambo dogo hata kidogo.

Nikamjibu, "Mama, kifaa hiki huwa kinakosea mita chache tu." Nilikuwa nasema kweli kuhusu kifaa. Akanitazama kwa upole na kusema mita chache hazimpeleki mtu ng'ambo ya mto. Wajumbe wa kijiji jirani walioalikwa hawakusema kitu, lakini niliona wawili wao wakiinamiana na kunong'ona, na mwenyekiti naye aliwaona. Akaahirisha mkutano hadi kesho yake saa nne.

Nilikuwa na kazi ya muda kwenye timu ndogo iliyosaidia vijiji kuandaa mipango ya ardhi, na ramani zote nilizitengeneza mimi. Mchana natembea na kamati ya kijiji nikichukua nukta za mipaka, visima, misitu na vinyungu. Jioni nazihamishia kwenye kompyuta, juu ya ramani ya serikali ya skeli ya 1:50,000 ambayo nilikuwa nimeiskani na kuipa koodinati, yaani namba za mahali, kwa kufuata mistari ya gridi iliyochapwa juu yake. Programu ya kutengenezea ramani ilikuwa QGIS, wakati ule bado ikiitwa Quantum GIS, ya bure, na niliipenda mno. Namna ya kuitumia nilijifunza kwenye intaneti, kwa modemu, usiku, vocha za data zikiisha katikati ya somo.

Usiku ule nyumba ya wageni haikuwa na umeme na kompyuta ilikuwa imezima. Nilibaki na taa ya chemli, ramani ya karatasi, GPS yenye betri mpya, na kitabu.

Kitabu hicho cha mifumo ya taarifa za kijiografia (GIS), yaani kazi ya ramani kwa kompyuta, nilikinunua Mwanjelwa, Mbeya, mwaka mmoja kabla, kwa muuza vitabu vya mtumba aliyetandika turubai chini. Jalada lilikuwa limechanika pembeni, muhuri wa maktaba ya chuo fulani cha Uingereza umekatwa kwa kalamu nyekundu, na nyuma kulikuwa na mfuko wa CD ambao CD yake haikuwemo. Sura ya kwanza nilikuwa nimeisoma mara nyingi hadi kurasa zimelegea, kwa sababu ilinigusa. Ilieleza kwamba mwanzoni mwa miaka ya 1960, Roger Tomlinson, akifanya kazi kwenye kampuni ya picha za anga huko Ottawa, Kanada, alipewa kazi ya kutafuta mahali pa kupanda miti nchini Kenya, miti ya kulisha kiwanda cha karatasi. Kulaza ramani moja juu ya nyingine kwa mkono, mteremko, udongo, mvua, barabara, kulionekana kuwa na gharama kubwa mno. Akapendekeza kompyuta ifanye kazi hiyo. Kazi ya Kenya haikufanyika hivyo, lakini wazo akaliendeleza na serikali ya Kanada katika miaka hiyohiyo ya 1960, ndiyo ikawa GIS ya kwanza. Mimi nilisoma habari hiyo nikiwa nimezungukwa na misonobari ya Sao Hill, na kiwanda cha karatasi kiko Mgololo, wilaya hiyohiyo. Nilijiona kama mtu aliyekuta jina la ukoo wake kwenye kitabu cha wageni.

Sura ya nne nilikuwa nimeiruka. Ilihusu projeksheni, yaani namna ya kuilaza dunia ya mviringo kwenye karatasi, na datumu, yaani msingi ambao koodinati zinahesabiwa kutoka kwake; ilijaa hesabu, na mimi nilikuwa na haraka ya kutengeneza ramani.

Usiku ule nikaisoma yote. Nilisoma polepole, kamusi pembeni, vidole vikiwa ndani ya mikono ya sweta. Ilisema koodinati peke yake haina maana mpaka ujue inahesabiwa kutoka wapi, na kwa umbo gani la dunia. Ramani zetu za zamani zimejengwa juu ya datumu ya Arc 1960, iliyotokana na mnyororo wa vipimo uliofuata meridiani (mstari wa longitudo) ya 30 kutoka Afrika Kusini hadi Misri, na umbo la dunia lililokokotolewa na Mwingereza Clarke mwaka 1880. GPS inatumia datumu nyingine, WGS84, ambayo kitovu chake ni kitovu cha dunia yenyewe. Tarakimu zinafanana kwa sura, mita kwa mita, kanda ileile ya gridi, ya 36 Kusini, lakini hazizungumzii mahali pamoja.

Nikaikunjua ramani ya karatasi kitandani na kuileta karibu na taa. Pembezoni, kwa herufi ndogo ambazo nilikuwa nimezikata kwenye skani ili ramani ipendeze, kulikuwa na maneno mawili: Clarke 1880, na Arc 1960. Yalikuwepo siku zote.

Nikachukua rula ya shule na kuiweka nukta ya kona ya kinyungu kama GPS ilivyoiandika. Ikaangukia kusini mwa mto. Kisha nikaweka alama pale nilipojua kwa miguu yangu kwamba nilisimama, upande wa kaskazini, chini kidogo ya njia inayoshuka kutoka shuleni. Nikapima kati ya alama hizo mbili. Milimita sita. Kwenye skeli ile, milimita sita ni mita 300. Nyuma ya kitabu kulikuwa na jedwali refu la datumu za dunia, na kwenye mstari wa Kenya na Tanzania paliandikwa tarakimu tatu, mita za kuhama kutoka Arc 1960 kwenda WGS84 katika pande tatu: −160, −6, −302.

Sikuamini kwa jedwali tu. Nikawasha GPS, nikaingia kwenye mipangilio, nikateremka orodha ya datumu hadi Arc 1960, nikabonyeza. Nukta ileile, bila mimi kutoka kitandani, ikabadilisha tarakimu zake mbele ya macho yangu, ya kaskazini ikapanda karibu mia tatu. Nikairudisha WGS84, ikashuka. Nilifanya hivyo mara nne au tano. Nilikuwa natetemeka, na baridi haikuwa sababu pekee.

Masomo ya intaneti yalinifundisha mahali pa kubonyeza, na nayashukuru. Hakuna hata moja lililoniuliza ramani yangu inahesabu kutoka wapi. Kitabu kiliuliza, kwa Kiingereza kigumu, kwa mifano ya London na Uholanzi, nami nikakipita. Mpaka leo natamani tuwe na kitabu cha fani hii kilichoandikwa kwa Kiswahili, ambacho sura ya datumu inaanzia bondeni, kwenye kinyungu cha mtu, ili kijana wa Njombe au Tukuyu asiiruke kama nilivyoiruka mimi.

Asubuhi nilichajia kompyuta kwenye jenereta ya mashine ya kusaga. Marekebisho yenyewe yalichukua dakika moja: ramani niliyoiskani nilikuwa nimeipa msimbo 32736, wa WGS84, nikaipa 21036, wa Arc 1960, programu ikafanya hesabu zilizobaki. Vinyungu vyote vikahamia kaskazini mwa mto, kimoja kimoja kando ya maji, kama vilivyo.

Saa nne darasa lilijaa kuliko jana. "Kamwene," nikamsalimu mama yule kwanza kabla ya wengine, akaitika. Nikawaeleza wote kosa lilikuwa langu, si la GPS wala la kijiji jirani, nikawaonyesha yale maneno mawili pembezoni mwa ramani. Nikamwomba radhi kwa jibu langu la jana. Aliitazama ramani mpya muda mrefu, akafuata mto kwa kidole kutoka darajani, akafika kwake.

"Hapa sawa," akasema. Kisha akanigeukia. "Na kule mlikotoka kabla ya kuja huku, ramani yao ni hiihii?"

Ilikuwa hiihii. Karatasi ileile, skani ileile, vijiji viwili, rasimu tumeshaziacha kwa watendaji. Kule hakuna aliyelalamika, kwa kuwa mipaka yao inapita kwenye migongo ya vilima yenye misitu, mahali ambapo mita 300 hazionekani kwa haraka.

"Ndiyo, mama," nikamwambia. Jumatatu alfajiri tulipanda pikipiki kurudi kijiji cha kwanza, kitabu kikiwa kwenye begi pamoja na rula.