Siku moja maishani mwangu: wakili anayemwomba hakimu aamuru polisi wapeleleze

Saa 2:00 asubuhi. Jalada la kwanza ni la mteja ambaye kituo cha polisi kimekataa kumwandikia FIR, yaani taarifa ya kwanza ya kosa inayoanzisha upelelezi. Kabla ya lolote natafuta karatasi mbili: nakala ya malalamiko yenye muhuri wa kituo, na stakabadhi ya posta ya barua aliyompelekea Msimamizi wa Polisi wa wilaya. Hapa India tunatumia BNSS, sheria mpya ya mwenendo wa makosa ya jinai, tangu 1 Julai 2024, na kifungu cha 173(4) kinataka milango hiyo miwili ibishwe kwanza. Ikikosekana stakabadhi, mteja anakwenda posta leo, mahakamani siku nyingine.

Saa 3:00. Hati ya kiapo. Mahakama ya Juu iliidai mwaka 2015 katika kesi ya Priyanka Srivastava, ambapo maofisa wa benki walikuwa wakiandamwa kwa mashtaka na mdaiwa wa mkopo. Sasa imo ndani ya sheria yenyewe, kifungu cha 175(3), kile kinachompa hakimu uwezo wa kuwaamuru polisi wapeleleze. Namsomea mteja mstari kwa mstari kwa lugha anayoielewa, kwa sababu uongo humo utamrudia yeye.

Saa 4:30. Mbele ya hakimu. Maombi mengi hufia kwenye swali moja: kwa nini polisi? Kama mashahidi ni wako na nyaraka unazo, hakimu ana haki ya kulichukua shauri kama lalamiko binafsi, analolishughulikia mwenyewe, chini ya kifungu cha 223. Kwa hiyo aya yangu ndefu kuliko zote hutaja yale ambayo mteja hawezi kuyapata mwenyewe: kumbukumbu za simu, mali ya kukamatwa, mtu asiyejulikana jina. Na hapa kuna mtego. Hakimu akishaanza kumwapisha mlalamikaji ili ashughulikie lalamiko lenyewe, mlango wa 175(3) umefungwa. Hubaki kifungu cha 225, ambacho hakimruhusu kuwapa polisi upelelezi wa kosa linalosikilizwa na Mahakama ya Sesheni pekee, ile ya makosa mazito. Mawakili wachanga hulipoteza shauri hapo, nami huumia kuliona.

Saa 6:00 mchana. Sheria mpya inamtaka hakimu azingatie pia maelezo ya polisi. Ofisa anasema uchunguzi wa awali, ule wa kabla ya FIR, unaendelea. Najibu kwa 173(3): ni siku 14 tu, kwa makosa ya kifungo cha miaka 3 hadi chini ya 7, tena kwa ruhusa ya Naibu Msimamizi wa Polisi. Mtuhumiwa akiwa mtumishi wa umma aliyekuwa kazini, 175(4) inadai kwanza ripoti ya mkubwa wake.

Saa 8:00. Amri. Naomba itaje ukweli wa shauri na sababu, maana amri ya mstari mmoja hufutwa juu. Siombi CBI, idara ya upelelezi ya serikali kuu; hakimu hana uwezo wa kuiagiza, humwamuru mkuu wa kituo.

Saa 10:00 jioni. Nakala ya amri inafika kituoni, nachukua muhuri wa kupokelewa na, ikiwezekana, namba ya FIR. Polisi wakizembea, hukumu ya Mahakama ya Juu ya 2007 katika kesi ya Sakiri Vasu inaturuhusu kurudi kwa hakimu yuleyule asimamie upelelezi uende sawasawa. Naandika kwenye shajara tarehe ya kuomba ripoti ya maendeleo.